Yule Aliyevaa Nyeusi

Jumapili ya Agosti, saa tisa alasiri. Nje jua linakaanga, ndani kiyoyozi kinakohoa tangu asubuhi. Leo ni siku yangu ya mapumziko na sijapumzika hata dakika moja.

Nimefua sare niliyokwisha kuifua jana. Nimepanga viatu chini ya kitanda, nikavipangua, nikavipanga tena vilevile. Nimeshuka kantini kunywa chai, nikauona ule ukuta mweupe wa mwisho, nikarudi juu bila kugusa kikombe. Mercy, mwenzangu wa chumba, yuko kitanda cha juu, amegeukia ukutani. Najua hajalala. Mtu aliyelala havuti pumzi kwa hasira namna ile.

Juu ya mto wangu kuna karatasi mbili. Ya kwanza ni fomu ya likizo: miezi miwili nyumbani, kisha nirudi kazini. Ya pili ni ya kuendelea na mkataba moja kwa moja, bila kwenda popote. Kesho saa mbili asubuhi meneja anataka moja kati ya hizo mezani kwake, na ameshanionya kwamba hataki maelezo marefu.

Maelezo marefu nitayaandika hapa basi.

Kwa uliyeangukia ukurasa huu leo: naitwa Zainabu, mzaliwa wa Korogwe, mwaka wa tano sasa Dubai. Mimi ni msimamizi wa usafi wa vyumba katika hoteli moja ya fleti kule Al Mankhool, ghorofa ya tano na ya sita. Nalala huku Dubai Investments Park, kwenye makazi ya wafanyakazi, na basi la kampuni linatupeleka na kuturudisha. Nina mtoto mmoja, Idrisa, ana miaka tisa. Analelewa na mdogo wangu, Mwanaidi. Nilimwacha akiwa na minne.

Nimerudi nyumbani mara moja tu, Idrisa akiwa na miaka sita. Nilimwogesha, akasimama kwenye beseni kimya, mikono kaibana, kama anayepimwa na nesi. Siku ya tatu nilikuwa ukumbini nikamsikia jikoni anauliza kwa sauti ya chini, kwa adabu kabisa: "Mama, huyu mgeni ataondoka lini?"

Mama ni Mwanaidi. Mimi ni Mama Dubai.

Tangu siku ile, likizo ikifika napata sababu. Mara hoteli imejaa, mara mwenzangu mgonjwa, mara joto, mara baridi. Nyumbani wananisifu kwa kujituma, na mimi nazipokea sifa zote bila haya. Ukweli ni mfupi na sijawahi kuuandika mahali.

Namwogopa mtoto wa miaka tisa.

Haya. Sasa niseme ya Ijumaa, maana ndiyo yanayoniwasha mwili mzima.

Yalianza mwezi uliopita. Mgeni wa 615 alipiga simu mapokezi kulalamika kwamba chumba cha jirani mume na mke wanagombana kila asubuhi. Nikatumwa. Nikafika mlango wa 614, na kweli, nikasikia mwanamume anafoka, mwanamke anabembeleza, na katikati yao mtoto analia. Nikagonga. Mlango ukafunguliwa na bibi mmoja wa Kijapani, mwembamba, nywele nyeupe, miguuni soksi. Nikachungulia nyuma yake kwa heshima ya kazi. Hapakuwa na mume. Hapakuwa na mtoto. Palikuwa na kompyuta juu ya meza na picha zinazotembea bila sauti.

Mwanamume, mwanamke na mtoto, wote walikuwa yeye.

Mwingine angekimbia. Mimi nilicheka mpaka nikashikilia toroli la mashuka, kwa sababu kazi ile naijua. Marehemu baba yangu alikuwa na kibanda cha video Korogwe. Mabenchi, mabati, jenereta inanguruma nyuma, na baba kwenye kona ameshika maiki iliyofungwa kitambaa. Filamu za Kichina, za Kihindi, zote alizitafsiri, na hakujua Kichina wala Kihindi. Alitazama macho na midomo ya watu, akaamua wanasema nini. Nilipokuwa darasa la sita alishikwa na koo wiki nzima, akanipa maiki. Siku ya kwanza nilitetemeka. Siku ya tatu watu walimwambia baba aendelee tu kuumwa.

Bibi yule ni Madam Noriko. Binti yake ana kazi hapa mjini, na fleti ya binti ni ndogo, kwa hiyo yeye kapangiwa kwetu miezi mitatu. Kiingereza chake na changu vinalingana, vyote vya kuokota njiani, na ndiyo maana tunaelewana. Akanieleza kwamba filamu za mwanzo za kwao hazikuwa na sauti, lakini ukumbi haukuwahi kuwa kimya. Pembeni ya pazia alisimama mtu, wanamwita benshi, akasema kwa niaba ya wote: mama, mwizi, mzimu, hata farasi. Watu walikwenda kumsikia yeye zaidi ya kutazama picha. Babu yake alikuwa mmoja wao, akizunguka miji midogo na mikebe ya filamu. Mikebe yote imepotea, umebaki mmoja. Kilichokuwemo sasa kimo kwenye kompyuta yake, na kila asubuhi anajizoeza kukisemea, asije akafa bila mtu kukisikia.

Kwa siku kumi mfululizo nilipangusa vumbi 614 zaidi kuliko chumba kingine chochote. Yalla, haraka, Zai, wenzangu wakiniita, unamalizia wapi? Nilikuwa namalizia Japani.

Filamu yenyewe haina hata jina, kipande cha mwanzo kilikatika zamani. Ni watu wa jukwaani, wamechukua mchezo wao wa siku zote wakautoa nje uwanjani kwa sababu kamera ilitaka jua. Kamera imesimama palepale mwanzo mpaka mwisho, kama mtazamaji aliyepata kiti cha katikati na hataki kukipoteza. Nyuma yao kuna turubai lililochorwa mlima, na upepo unautikisa mlima. Wanawake wote ni wanaume waliopakwa poda nyeupe, maana ndiyo desturi ya jukwaa lao. Na kuna mbweha.

Kwao mbweha akiishi miaka mingi anajifunza kugeuka mtu, hasa mwanamke. Madam alinitajia na wengine, paka anayelamba mafuta ya taa, chura mkubwa kama nyumba, mnyama wa porini anayejipiga tumbo kama ngoma. Wapiga picha wa mwanzo waliwapenda viumbe hawa kwa sababu ya ujanja mmoja. Waigizaji wanaambiwa wagande, mpiga picha anaacha kuzungusha mkono wa kamera, mbweha anatoka, mwanamke anaingia, kamera inaendelea. Kwenye pazia mnyama amegeuka mtu kufumba na kufumbua. Lakini upepo hauambiwi ugande. Ukitazama vizuri, mlima unaruka.

Hadithi ni hii. Mama anaagana na mtoto wake mdogo, anakwenda mbali kufuma hariri. Baba yupo, ila ni wa kulala. Mtoto analia kisimani. Mbweha anamwona, anajigeuza mama yule, anaingia nyumbani, anapika, anamlisha, anamchezesha mpira. Anafanya yote sawasawa isipokuwa mikono, kila akijisahau inakunjika kama ya mnyama. Halafu mama mwenyewe anarudi na furushi lake mgongoni. Anafungua mlango. Anajiona mwenyewe ameketi ndani na mtoto mapajani.

Hapo picha inaliwa na weupe, na basi. Sehemu iliyobaki haipo duniani.

"Babu yangu alikuwa na mwisho wake kwa kila mji," Madam Noriko aliniambia. Kisha akanitazama kwa namna ambayo ningejihadhari nayo. "Wewe ungesemaje?"

Ndivyo nilivyojikuta Ijumaa alasiri kantini yetu, maiki mkononi, mbele ya watu wote ambao hawakuwa zamu. Msimamizi wa makazi alitoa ruhusa, projekta tuliazima ya mafunzo ya usalama, pazia likawa ukuta mweupe. Madam Noriko alikuja na binti yake, wakakaa mbele kabisa. Nyuma yao walinzi wa Kikenya bado na buti zao, wapishi wa Kiganda, Watanzania wenzangu wachache, Mercy na dada zetu wa usafi. Wengi walikuja kwa sababu ya sambusa. Sikujali, hata kwa baba wengine walikuja kukwepa mvua.

Dakika ya kwanza walicheka. Mama aliyepakwa poda alipoinua uso, Mutua, mlinzi wa kutoka Kitui, akapaza sauti: "Huyo mama ana shingo ya bondia!" Kantini ikavunjika mbavu. Nikamwacha acheke, nikamtia mama yule sauti nyororo, sauti ya mtu anayeficha kilio mbele ya mtoto. Sentensi ya tatu kicheko kikafa chenyewe. Baba alinifundisha hivyo. Usishindane na kicheko, kingojee kichoke.

Na sasa kosa langu.

Ndani ya filamu ile kuna mtu mwingine. Amevaa nyeusi tupu kutoka kichwani mpaka vidoleni, uso umefunikwa kitambaa cheusi. Yumo karibu kila mahali. Anamletea mama kigoda cha kukalia. Ameshika fimbo ndefu inayopinda, na kwenye ncha yake kuna mwali wa moto unaoelea juu ya kichwa cha mbweha. Mpira ukimponyoka mtoto, yeye anaurudisha. Niliona filamu mara mbili kule 614 na mara zote nilimwona. Sikuuliza ni nani. Kwetu sisi mtu aliyejifunika gubigubi, hasemi, na anamfuata mtoto kila aendako, ni mzimu, nani atauliza? Na Madam hakunieleza. Nilidhani hakunieleza kwa sababu iko wazi.

Basi nikampa sauti. Nzito, ya chini, ya kutoka kifuani. Nikampa na jina, Kivuli. Nikawaambia watu kwamba mama alipoondoka kwenda kufuma hariri, kivuli chake kilikataa kusafiri. Kikabaki nyumbani. Kikawa ndicho kinachobeba, kinachowasha moto, kinachookota mpira. Mbweha akaja kuchukua sura ya mama na sifa zote za mama, na Kivuli kikaendelea kufanya kazi pembeni, na hakuna aliyekiambia asante.

Wallahi sijui nilitoa wapi. Yalinijia tu, moja likivuta jingine, na kantini nzima ikanyamaza. Kila Kivuli alipotokea pembeni ya ukuta watu walimwita. "Huyo! Huyo amekuja!" Kuna dada mmoja wa zamu ya usiku, Mganda, hucheki naye wala huzungumzi naye, nilimwona anajifuta macho na aproni. Nilijisikia mtu. Nakiri. Miaka mitano nasema ndiyo madam, sawa sir, sabuni imeisha madam, na siku hiyo watu walikuwa wamening'inia kwenye mdomo wangu.

Mama akarudi. Akafungua mlango. Akajiona ameketi ndani na mtoto mapajani. Kivuli kasimama katikati yao. Ukuta ukawa mweupe.

"Mama ni yupi?" mtu akauliza gizani. "Mtoto alienda kwa nani?"

Nilikuwa nimeandaa mwisho mzuri. Mbweha anaaga, mtoto anamkumbatia mama, wote wanaangua kilio cha furaha. Niliuandika kabisa nyuma ya fomu ya usafi. Nikafungua mdomo, na sauti iliyotoka ikasema mengine. Nikasema mama alitazama mlangoni, akaona mtoto ameshiba, ameoga, anacheka. Akaliweka furushi chini taratibu. Akageuka, akarudi zake kwenye hariri. Na mtoto hakujua hata siku moja kwamba alikuja.

Zikazuka kelele.

Mutua alisimama. Mtu mzima, ana mabinti watatu. "Siste, hapana," akasema. "Hiyo hatukubali. Rudisha huyo mama kwa nyumba." Wengine wakapiga meza, rudisha, rudisha. Mimi nikashika maiki nikacheka kicheko cha kijinga, nikasema hadithi ndivyo ilivyo, khalas. Uongo mtupu. Hadithi haikuwa hivyo, ni mimi.

Mercy alinifuata nje penye ndoo za maji. Ana mapacha Kakamega, wanalelewa na shosho, bibi yao.

"Zai, kwani mimi nilikukosea wapi?" Hakupaza sauti, na hilo lilinitisha zaidi. "Unajua vile nalala na picha za hao watoto. Halafu unasimama hapo na maiki unatuambia tukifika kwa mlango tugeuke. Wewe kama umeamua kutoenda, sema umeamua. Usitupeleke sisi wote na wewe."

Sikumwambia mtu yeyote kuhusu fomu ya pili. Yeye alijua tu. Tangu Ijumaa ameniambia neno moja, nalo ni kwamba sabuni yangu iko kwenye sinki.

Jana asubuhi nikaenda 614 nikiwa nimejiandaa kuomba radhi kwa mwisho ule. Madam Noriko hakuuliza habari za mwisho. Alikuwa na swali jingine, la neno alilosikia nikilirudia Ijumaa.

"Kivuli ni nani?"

Nikamwonyesha kwenye kompyuta. Yule, mwenye nguo nyeusi. Akanitazama, akatazama picha, akanitazama tena. Kisha akaketi.

Jukwaani kwao, akanieleza, mtu aliyevaa nyeusi hayupo. Ni msaidizi wa mchezo. Analeta viti, anashika fimbo ya moto, anavuta nyuzi za joho ili mwigizaji abadilike mavazi mbele ya watu. Nyeusi maana yake hapa hakuna mtu. Watu wote ukumbini wanamwona na wote wamekubaliana kutomwona, na mtoto mdogo kwao anakua akijua hivyo. Ilipofika zamu ya filamu walimwingiza vilevile mbele ya kamera, kwa mazoea. Hakunieleza kwa sababu hata wazo la kunieleza halikumjia. Kwake yeye hapakuwa na kitu cha kueleza.

Nilitaka sakafu ya 614, ambayo nimeipiga deki mwenyewe, ipasuke inimeze. Kumbe nimesimama mbele ya watu wazima nusu saa nikimsemea mbeba viti. Nimemtia roho, nimewaliza watu kwa ajili yake, mbele ya mjukuu wa benshi mwenyewe. Nikaanza kuomba msamaha kwa Kiingereza chote nilicho nacho. Akaninyamazisha kwa mkono.

"Nimeitazama filamu hii tangu utoto," akasema. "Sijawahi kumtazama yeye hata mara moja. Sasa tuirudie yote, tumtazame yeye tu. Njoo uone."

Tukaketi pamoja kitandani, jambo ambalo sheria za hoteli zinalikataza. Akaonyesha kwa kidole. Yule mtu anachechemea mguu wa kushoto. Mtoto akikaribia ukingo wa lile jukwaa la uwanjani, yeye yupo, amemshika pindo la nguo asianguke. Mahali pamoja anampangusa kamasi, haraka, kwa kona ya ule mkono mweusi. Hayo hayakuwa ya mchezo. Yule alikuwa mtoto kweli, mdogo kweli, amechoka na jua.

"Sasa macho ya mtoto," Madam akasema.

Mbweha anacheza mbele yake, poda, joho, mikono ya ajabu, na mtoto hamtazami. Mama wa poda anarudi, mtoto hamtazami. Filamu nzima anatazama pembeni, juu kidogo, kwa yule wa nguo nyeusi. Na mara moja anamchekea.

Nikasema nina vyumba vya kumaliza. Nikasukuma toroli mpaka mwisho wa korido nikasimama pale nimeshika mashuka masafi. Jana yote ilipita hivyo. Usiku nao. Leo pia, viatu napanga, viatu napangua.

Saa kumi kasoro dakika mbili. Kila Jumapili saa kumi ya huku, saa tisa ya kwao, nampigia Idrisa kwa ile programu inayoruhusiwa huku. Naacha kuandika kidogo.

Ni saa kumi na moja sasa.

Alipokea. Uso wake ukajaa kioo, kanyolewa, shati la kijani, lile lililoshonwa kwa kitambaa kilichobaki cha mapazia. Shikamoo Mama Dubai. Marahaba baba. Shule? Nzuri. Umekula? Nimekula. Na kama kawaida yake hakuwa ananitazama. Alikuwa anatazama juu ya simu, kidogo pembeni. Kila wiki namgombeza kwa hilo. Niangalie mimi, Idrisa, unaangalia nini huko? Miaka mitano nadhani ni aibu, au chuki, au amekosa malezi.

Nilifungua mdomo nimgombeze tena. Badala yake nikaanza kutafuta anachokitazama.

Kwenye ukingo wa kioo, chini, kulikuwa na kidole gumba. Kipo kila Jumapili. Nimekiona nadhani mara mia mbili na sikuwahi kukisalimia.

"Idrisa," nikasema, "nani kashika simu?"

"Mama."

"Mwambie aigeuze."

Nikasikia purukushani upande wa pili. Sauti ya Mwanaidi ikasema hapana, ongea na mwanao, mimi nimetoka jikoni, niko vibaya. Nikasema Mwanaidi, tafadhali, mimi ni dada yako, au nabaki mgeni hata kwako wewe? Sijui kwa nini nilisema hivyo, yalinitoka. Halafu picha ikayumba, dari, mlango, kuku, na uso wa mdogo wangu.

Amevaa miwani.

Nikamuuliza tangu lini. Akasema tangu mwaka juzi, macho yalikuwa yanauma akimsaidia Idrisa madaftari ya shule. Mwaka juzi. Amenenepa kidogo mashavuni, ana mvi mbili mbele, na yeye ni mdogo kwangu kwa miaka sita. Kitambaa alichojifunga kichwani ni khanga niliyoiacha juu ya kamba siku naondoka.

"Dada," akasema, "mimi nilidhani hutaki kuniona. Kila ukipiga unasema nipe mwanangu."

Ndivyo ninavyosema. Neno kwa neno. Nipe mwanangu.

Nililia vibaya, na yeye akalia, akivua miwani na kuivaa. Akaniambia kitu ambacho miaka yote nilidhani ndicho ninachokiogopa mimi peke yangu. Kwamba anaogopa nikirudi nitamchukua Idrisa na yeye atabaki hana kazi na hana mtoto. Kwamba ile mara moja niliporudi alijificha jikoni wiki tatu, anapika tu, ili mtoto anizoee. Kumbe sote wawili tulikuwa tunakimbia mlango uleule, kila mtu kwa upande wake.

Akataka kuigeuza simu imwelekee Idrisa tena. Nikamwambia hapana, mpe aishike yeye, nataka kukuona wewe. Idrisa akaishika. Ikawa inacheza kama iko kwenye basi, kidole chake kimeziba nusu ya picha. Na kutoka nyuma ya simu, nisikomwona, akauliza kwa bidii ya mtu aliyepewa kazi:

"Mama Dubai, unamwona vizuri?"

Namwona, baba. Namwona vizuri sana.

Sina uhakika wa jambo lolote. Huenda nikifika ataniita mgeni tena. Huenda miezi miwili isitoshe hata kujifunza anakula nini na hali nini. Ila kesho saa mbili haiahirishwi, na nimekwisha kuchana fomu ya pili vipande vinne, nikavitupa pipani nisije nikabembelezwa na moyo wangu mwenyewe.

Nikaanza kutafuta kalamu. Chini ya mto hakuna, kwenye mkoba hakuna, kwenye mfuko wa sare niliyoifua mara mbili hakuna. Nilikuwa napekua kwa makelele, nalaani, nafuta makamasi. Mkono ukashuka kutoka kitanda cha juu, umeshika kalamu ya bluu.

"Asante, Mercy," nikasema. Nikasubiri kidogo nikaongeza, "Ijumaa nitausema upya ule mwisho."

"Ni sawa," akajibu kutoka juu, sauti nzito ya aliyekuwa analia naye. "Lakini usinipeleke mbio. Huyo mama abishe hodi kwanza."

Nimejaza jina. Nimejaza namba ya mfanyakazi. Nimejaza tarehe ya kuondoka. Chini kabisa kuna mstari unaouliza sababu ya safari, na miaka yote iliyopita niliogopa mstari huo, nikidhani lazima niandike neno mtoto.

Nimeandika: kumwona mdogo wangu.